Winbox Inakataa Kuingia? Usikimbilie Kitufe cha Reset

Msomaji anauliza: Winbox yake ya siku nyingi (programu ya kompyuta ya kusimamia ruta za MikroTik) inamwambia nenosiri si sahihi kwenye ruta moja ya MikroTik, ilhali ruta nyingine inaingia vizuri. Kabla hujafanya reset na kufuta vocha za Wi-Fi za wateja wote, tazama toleo la hiyo Winbox. Tangu RouterOS (mfumo endeshi wa ruta hizo) 6.43 ya mwaka 2018, namna ya kuthibitisha nenosiri ilibadilika, na Winbox iliyo chini ya 3.15 haipokelewi. Pakua mpya kwenye tovuti ya MikroTik yenyewe, si ile ya kupeana kwa flashi.

Winbox 3 yenyewe, ikiwa 3.15 au zaidi, haina ubaya. Hata kwenye Linux inaenda kwa Wine, programu inayoendesha programu za Windows. Balaa ni ruta yenye RouterOS ya kale huku poti 8291, mlango wa Winbox, iko wazi kwa intaneti. Tundu la usalama lenye namba CVE-2018-14847, lililozibwa kwenye 6.42.1, lilimruhusu mtu wa nje asome faili la watumiaji na kulipata nenosiri. Kwa hiyo kubadili nenosiri kabla ya kusasisha ni kutwanga maji kwenye kinu: jipya nalo litasomwa.

Ndani ya Winbox, anza na Files, Backup, kisha uburute faili mpaka kwenye kompyuta. Backup hiyo ni ya kifaa hichohicho; ukitaka kuhamia ruta nyingine, fungua New Terminal na uandike /export file=duka. Halafu System, Packages, Check For Updates. Ruta ikiwaka tena, ingia System, RouterBOARD, bonyeza Upgrade ili kusasisha firmware ya kifaa, uiwashe upya mara ya pili. Wengi huruka hatua hii. Umeme ukikatika katikati utaishia kwenye Netinstall, yaani kusakinisha RouterOS upya kutoka kompyuta, basi tumia UPS.

Sasa badili nenosiri. Kagua Scheduler, Scripts na IP, Socks: Socks (huduma ya kupitisha mawasiliano ya wengine kwenye ruta yako) ikiwa imewashwa na si wewe uliyeiwasha, kuna mgeni ndani.

Kwenye IP, Services, winbox, jaza Available From mtandao wako, mfano 192.168.88.0/24. Usifunge dirisha hilo. Fungua Winbox ya pili ujaribu kuingia. Ukigusa bridge au firewall, bonyeza Safe Mode kwanza. Muunganisho ukikatika, subiri kama dakika 9, mabadiliko yatajirudisha yenyewe.

Ukipoteza IP kabisa, chomeka kebo moja kwa moja, nenda Neighbors kwenye dirisha la kuingilia la Winbox, ubofye MAC (anwani ya kifaa chenyewe) badala ya IP.