Barua Zenu: Akili Inapomtungia Mtu Kisa

(Kama hujatazama filamu ya Shutter Island, liruke jibu la kwanza.)

Shutter Island tumeibishania barazani hadi alfajiri. Teddy ni mpelelezi kweli? – Msomaji, Michenzani

Ni mgonjwa, sheikh wangu, na mwongozaji Martin Scorsese ameonesha mapema. Itazameni tena: walinzi wanampokea kisiwani na bunduki mkononi, kama watu wanaomwogopa yeye. Halafu yule mwanamke anayehojiwa ananyanyua glasi ya maji, na kwa sekunde moja mkono wake ni mtupu. Wengi husema ni kosa la mhariri. Mimi naona filamu nzima imo humo. Wana watatu wa Teddy walizamishwa majini na mama yao, naye Teddy akampiga mkewe risasi. Akili yake haina pa kuyaweka hayo, juu ya maiti alizoziona vitani kwenye kambi ya Wanazi ya Dachau, basi imemtungia kesi ya kupeleleza. Anayemkanusha naye huingizwa kwenye njama. Shaka ya namna hiyo hushiba kwa ushahidi unaoletwa kuiua.

Basi kila mwenye kiwewe huishia hivyo? – Wete

Hasha. Hapo sinema hutia chumvi. Meli ya MV Spice Islander I ilizama Septemba 2011 ikielekea Pemba. Aliyenusurika akiweweseka usiku, au asiyetaka tena kukanyaga boti, anajua vizuri kilichotokea. Tabu yake ni kwamba hakimtoki.

Mwaka 1995 popobawa, yule jini wa usiku, alipoingia Pemba tulilala nje mtaa mzima. Tulirukwa na akili? – Chake Chake

La, bibi. Mgonjwa hubaki peke yake na imani yake. Nyinyi mlikesha pamoja, mkipeana habari na hofu. Mtu akiitengenezea filamu nitakuwa wa kwanza mlangoni, mradi asituletee popo wa plastiki.

Kwa nini mwendawazimu wa filamu zetu lazima aokote makopo? – Mwanakwerekwe

Uvivu wa mtunzi.

Kaka yangu anasema redio inamsema yeye. Tumsomee au tumpeleke Kidongo Chekundu, spitali ya wagonjwa wa akili? – Nungwi

Msomeeni, lakini spitali isingoje kisomo kimalizike. Habari ya redio usimbishie wala usimwitikie. Mwambie tu unaona anaogopa, na kwamba utakwenda naye. Akitaja kujidhuru, asilale peke yake hata usiku mmoja.