Ukiambiwa Nala ni "zawadi", uliza ni kwa lugha gani

Swali la wiki: Orodha za majina ya watoto hutoa maana za majina ya Kiafrika. Mzazi atajuaje kama maana hizo ni za kweli?

Anza na lugha, maana ije baadaye. Orodha inayoandika "Kiafrika: zawadi" haijasema lolote linaloweza kukaguliwa, kwa sababu Kiafrika si lugha. Ikitaja Kiyoruba, Kishona au Kiswahili, hapo kuna kamusi ya kufungua na mzungumzaji wa kuulizwa.

Sisi wasomaji wa Kiswahili tuna nafasi nzuri, kwani lugha yetu husingiziwa mengi. Nala huorodheshwa kama jina la Kiswahili lenye maana ya "zawadi". Zawadi ni zawadi, na lenyewe ni jina. Ukisema "nala" tunamwona mtu yuko mezani, nala wali. Jelani hupewa maana ya "mwenye nguvu", ila neno hilo halimo katika Kiswahili. Jina tunalolijua ni Jilani, kutoka al-Jilani, yaani mtu wa Gilan, eneo la Iran, kama alivyoitwa Sheikh Abdulqadir al-Jilani aliyefariki mwaka 1166. Zuri ni kisa kingine: maana yake ni sahihi, lakini kivumishi hicho bila kiambishi kinakubaliana na gari, jambo au jicho. Mtoto ni mzuri. Wanaolipenda walichukue, mradi wajue kwamba wamechukua shina la kamusini, -zuri, na kuliondolea kistari.

Tenganisha pia lugha ya jina na asili ya neno. Imani, Amani, Baraka, Neema na Subira ni majina ya Kiswahili, na maneno yake yametoka Kiarabu. Anayeandika kimoja tu kati ya hayo mawili amesema nusu. Hata Malaika limebadilika njiani: kwa Kiarabu ni wingi, mmoja akiwa malak, nasi tunalitumia kwa mmoja na kwa wengi. Na jina likifanana kwa herufi lisikuhadae. Nia ya Kiswahili ni kusudi. Nia ya Wales ni jina jingine kabisa.

Ukishapata lugha, livunje jina vipande. Babatunde ni baba, tún (tena) na dé (kuja): baba amerudi. Majina mengi ya Kiyoruba ni sentensi nzima, kwa hiyo tafsiri ya neno moja ikushtue. Kishona kiko hivyo hivyo, nacho ni jamaa wa Kiswahili: Tendai ni "shukuruni", Tatenda ni "tumeshukuru", lakini orodha huyaweka yote mawili chini ya "shukrani". Haile, katika Haile Selassie, ni "nguvu ya"; Selassie ndiyo Utatu. Ukikata jina la namna hiyo katikati, umebaki na maneno yanayongoja mwenzake. Alama za Kiyoruba nazo si mapambo: ọkọ ni mume, ọkọ́ ni jembe, ọkọ̀ ni chombo cha usafiri. Orodha iliyofuta alama inaweza kuwa imetafsiri neno jingine, wala aliyeiandika asijue.

Kuna jina linalofaulu kwenye kamusi na bado likawa limekosewa, na hapa ndipo wengi wanapoponyoka. Babatunde hupewa mtoto wa kiume aliyezaliwa baada ya babu kufariki. Msichana aliyezaliwa baada ya bibi kufariki ni Yetunde. Umpe mtoto jina la Babatunde babu yake akiwa hai, mbele ya Wayoruba, uone nyuso zao. Taiwo na Kehinde ni pacha, na Kehinde, anayetoka wa pili, ndiye huhesabiwa mkubwa. Idowu humfuata pacha. Kwa Waakan wa Ghana jina hufuata siku: Kofi ni mvulana wa Ijumaa, Afua ni msichana wa siku hiyo hiyo. Majina ya namna hii hukaguliwa kwa kalenda. Kofi Annan alizaliwa tarehe 8 Aprili 1938, na ilikuwa Ijumaa. Kwame ni wa Jumamosi, lakini tarehe rasmi ya kuzaliwa ya Kwame Nkrumah, 21 Septemba 1909, ilikuwa Jumanne. Jumamosi ya karibu ilikuwa tarehe 18. Hapo mimi ningelishuku karatasi kabla ya kulishuku jina.

Kwa Waluo, Otieno na Atieno ni waliozaliwa usiku, si "giza", na herufi ya kwanza hutenga mvulana na msichana. Kwa Wakikuyu swali lenyewe hugeuka. Wanjiku ni jina la mmoja wa mabinti wa Gikuyu na Mumbi, wazazi wa kwanza wa Wakikuyu katika masimulizi yao, na ukoo mmoja umepata jina kutoka kwake. Kwa desturi, binti wa kwanza hurithi jina la mama wa baba yake, wa pili la mama wa mama yake. Jibu la "Wanjiku maana yake nini?" ni bibi fulani. Orodha inayompachikia sifa tamu imejaza nafasi iliyoachwa wazi.

Unapomuuliza mzungumzaji, usimtajie jibu. Ukisema, "Eti jina hili maana yake ni furaha?" atakubali kwa adabu. Muulize hivi: ukisikia mtu anaitwa hivi, utadhani ni mwanamume au mwanamke, wa wapi, amezaliwa lini au baada ya nini? Uliza watu watatu, mmoja wao mzee, kila mmoja peke yake. Akisema "ni jina tu", liandike hilo pia.

Kurasa kumi zinazokubaliana zisikutulize. Linganisha maneno yenyewe: kama zote zina tafsiri ileile kwa mpangilio uleule, na kosa lilelile la herufi, hizo ni chanzo kimoja kilichonakiliwa mara kumi. Kamusi moja ya lugha husika huzishinda zote, ila kumbuka kutafuta shina, maana "Tatenda" hutaliona chini ya "ta-". Nenda kwenye -tenda.