Harufu ya Siki Isikutishe

Mhariri, mmeuliza wiki hii: mvinyo gani mwekundu wa miaka mingi, usio wa kawaida, unafaa kuonjwa? Château Musar wa Lebanoni. Ule mkuu, si Musar Jeune unaonywewa ukiwa mchanga.

Umetengenezwa kwa zabibu za Bonde la Bekaa: Cabernet Sauvignon, Cinsault na Carignan. Huchachuliwa katika matangi ya saruji, hulazwa mwaka mmoja hivi kwenye mapipa ya mwaloni wa Ufaransa, hutiwa chupani bila kuchujwa, na hauingii sokoni mpaka mwaka wa 7 tangu mavuno. Yaani chupa “mpya” ina umri wa mtoto wa darasa la kwanza.

Ukifungua, pua inakutana na rangi ya kucha, siki kidogo, ngozi, hata zizi. Wengi huishia hapo na kumwaga. Msimwage! Ndiyo tabia yake. Ukipata hewa kwa saa moja, harufu hizo hurudi nyuma, zikaja tini kavu, cheri na karafuu. Ulioharibika kweli hunuka boksi lililolowa mvua, na hewa haiusaidii. Huo ni ugonjwa wa kizibo, rudisha dukani.

Kwa Dar adui mkubwa ni joto, hasa duka linalozima kiyoyozi usiku. Kizibo kikiwa kimesukumwa juu ya mdomo, au shingo ina michirizi inayonata, usinunue hata kwa punguzo.

Simamisha chupa siku nzima ili mashapo yatue. Kwenye nyuzi 30 za sebuleni kilevi na siki hutawala, kwa hiyo ishushe hadi 17 hivi: dakika 15 ndani ya ndoo ya barafu na maji. Barafu tupu hupoza polepole, kwani haigusi chupa yote. Mimina taratibu kwenye jagi la kioo, tochi ya simu ikimulika shingo kwa chini, ukome mashapo yanapoikaribia shingo. Utapoteza kama nusu glasi. Chupa ya miaka 30 usiiache kwenye jagi, hufifia upesi. Na kizibo chake hukatika, kwa hiyo tumia kizibuo cha bapa mbili, zinazopenya kando ya kizibo, badala ya skrubu.

Mezani weka mbuzi wa kuchoma au pilau ya nyama. Kachumbari sawa, ila bila pilipili, maana huchochea ukali wa kilevi.

Msomaji, Upanga, Dar es Salaam