Niliandika kuwa Maalim hana shida

Swali la jarida lenu la wiki hii lauliza: pesa za wazee zigawiwe wote waliofika umri, au wapewe maskini peke yao? Nimelisoma ndani ya feri asubuhi, nikalisoma tena jioni ndani ya feri, na sasa ni saa nne ya usiku hapa Likoni, Mombasa, nami bado nabishana nalo.

Niseme mapema nilikosimama. Mimi ni wa maskini peke yao. Namjua mzee mmoja wa Nyali, mwenye nyumba mbili za kupangisha, ambaye kila mwezi huingiziwa 2,000 za Inua Jamii, ule mpango wa serikali wa pesa za wazee, kwa sababu tu ametimiza miaka 70. Huzitoa akampa askari wa lango lake. Ni mtu mwema, simsemi kwa ubaya. Lakini hizo ni kodi zetu, na kama ni kumpa askari, si serikali impe askari mwenyewe?

Basi ningeishia hapo na mngepata barua fupi. Tatizo ni kwamba ili umpe maskini lazima kwanza umjue, na mimi niliwahi kulipwa ili nimjue.

Ilikuwa mwaka 2014. Wakati huo pesa za wazee hazikuwa za kila mzee. Zilikuwa za kaya maskini yenye mtu wa miaka 65 kwenda juu asiyepokea pensheni yoyote, na kaya ilipitia fomu kwanza. Nilikuwa nimemaliza kolegi, sina kazi, nashinda maskani. Tukachukuliwa vijana kadhaa wa Majengo, tukafunzwa siku moja na nusu, tukapewa fomu na kalamu. Malipo yalikuwa kwa fomu, si kwa siku. Na tuliambiwa wazi kwa nini tumechaguliwa sisi: nyinyi wenyeji mwawajua watu, hamtadanganywa.

Fomu iliuliza paa la nini, ukuta wa nini, sakafu, choo, maji, moto wa kupikia, vyumba vingapi, redio, mifugo. Ndiyo, mifugo, Majengo, ambako mfugo ni paka.

Siku ya tatu, baada ya alasiri, orodha ikanifikisha kwa Maalim. Sitamtaja jina. Ndiye bibi aliyenisomesha chuo cha Kurani tangu alifu mpaka Juzuu Amma, na bakora yake naikumbuka kuliko ya babangu. Alikuwa ameketi barazani na buibui lake la zamani, lile la kufunga kwa ukaya.

"Ndiwe?" akaniambia. "Kaa kitako. Umekonda. Mamako hakupikii?"

Nikambusu mkono, nikakaa, nikaitoa fomu. Nilijaribu kuifanya kama mchezo.

"Nyumba ni yako, Maalim?"

"Yangu, mwanangu. Aliijenga marehemu baba."

Nikatia alama: yake. Kila mtu wa Mombasa ajua kilichokosekana hapo. Nyumba ilikuwa yake, kiwanja si chake. Alilipa kodi ya kiwanja kwa mwenye ardhi, na siku mwenye ardhi akiuza, wewe wavunja mabati yako ukenda nayo. Fomu ilikuwa na "yako" na "ya kupanga." Hapo katikati, ambapo nusu ya Majengo yaishi, hapakuwa na kisanduku.

"Vyumba?"

"Sita."

Vitatu huku, vitatu kule, ukumbi katikati, kama nyumba yoyote ya Kiswahili. Vinne walikaa watoto wa marehemu kakake, warithi kama yeye, hawalipi wala hakuna wa kuwaambia walipe. Kimoja kilivuja, hakikaliwi. Yeye na mjukuu walilala kilichobaki. Nikaandika 6.

Ukuta sikumuuliza, nilijijibu mwenyewe. Ni boriti, udongo na vijiwe, lakini mbele umepigwa lipu, ukapakwa chokaa ya Idi. Nikaandika mawe. Maji: kisima cha uani ni cha chumvi, cha kuoshea, ya kunywa hununuliwa kwa mtungi kwa mtu wa mkokoteni. Moto: jiko la mafuta ya taa.

Tulipofika hapo akasema mgeni hawezi kukaa mdomo mkavu. Akatia kahawa, akamtuma mjukuu akalete mahamri manne. Mtoto akaenda mbio, akarudi mbio, mikono mitupu, akamwinamia bibi yake sikioni. Mnong'ono wa mtoto wa miaka sita wasikika mpaka Kilindini.

"Bibi, asema umalize kwanza deni la juzi."

Maalim akacheka, kicheko kizuri kabisa. "Yamekwisha, mwanangu. Kunywa hivyo hivyo, mahamri ya jioni huwa magumu."

Nikanywa. Na swali lililofuata kwenye fomu, nawaapia sikulipanga mimi, lilikuwa hili: katika siku saba zilizopita, kuna siku mtu wa nyumba hii alilala bila kula?

Nililiuliza nikiitazama kalamu.

"Twala, alhamdulillahi."

Nikaandika: hakuna.

Nimeishi na neno hilo zaidi ya miaka kumi. Alhamdulillahi si jibu la swali la chakula. Hulisema mwenye magunia ya mchele stoo, na hulisema aliyefungua saumu kwa maji matupu, kwa sauti ileile. Ukimuuliza mtu mzima wa Mji wa Kale au wa Majengo hali yake, hakwambii hali yake. Akwambia adabu yake. Fomu ikalichukua kuwa tumbo limeshiba.

Kwa nini sikuandika nilichosikia? Naweza kusema msimamizi alituambia tuandike jibu la mwenye nyumba, tusiongeze letu. Ni kweli alisema. Lakini pia jua lilikuwa linazama na nilikuwa na fomu nne zaidi. Na zaidi ya yote niliona haya. Kumwandika Maalim kuwa alala na njaa, kwa mkono uleule aliouchapa ili ujue kushika kalamu, lilinishinda.

Mlango wa pili nilikuta bwana ambaye mkewe alikuwa akifunika kitu mezani kwa leso nilipopiga hodi. Ilikuwa televisheni. Yule bwana alinijibu vizuri: watoto hulala bila kula, ndiyo, mara tatu wiki hii, paa lavuja, ndiyo, njoo utazame. Alama zake zikatoka za maskini. Baadaye majina yakasomwa kwenye baraza la chifu ili wananchi wathibitishe, lake likawamo, la Maalim halikuwamo. Aliyekuwa na neno aliambiwa anyooshe mkono. Nilikuwa nimekaa safu ya tatu.

Kwa miaka mingi nilimsimulia bwana yule kama mwizi. Sasa naona ile televisheni ilikuwa ya kisogo kirefu, watoto watano, mke mgonjwa. Kosa lake lilikuwa kwamba alijua kuueleza umaskini wake, na ufasaha si wizi. Yeye aliusema, Maalim hakuusema, na pesa zikamfuata aliyesema.

Kwa hivyo naona mmeuliza swali la pili kabla ya la kwanza. Mimi lingenigusa zaidi swali la nani amuulize mzee, na mbele ya nani. Walitutuma sisi wa mtaa kwa sababu twajuana, na kujuana ndiko kulikomfunga Maalim mdomo. Mgeni kutoka Nairobi pengine angemwambia. Au pengine angemjibu alhamdulillahi vilevile, tena na kahawa. Mmeleta mfano wa Brazil na Bolsa Família yao, pesa za familia maskini, iliyoanza 2003. Naambiwa kule familia hujitajia yenyewe kipato chake ikaandikwa. Maalim angejitajia nini?

Halafu kuna jambo liniudhilo zaidi kadiri ninavyoandika. Serikali ikija kuchukua haiulizi paa. Mwaka 2018 mafuta ya taa yalitiwa ada ya shilingi 18 kwa kila lita, eti kuwazuia wanaoyachanganya na dizeli, na hakuna aliyekuja na fomu kuuliza Maalim apikia nini. Sheria ya Fedha ya 2023 ikapandisha VAT ya mafuta kutoka asilimia 8 hadi 16, kwa wote, bila kuulizana. Na sheria hiyohiyo, someni wenyewe, ilishusha kodi ya mapato ya nyumba za kupangisha kutoka asilimia 10 hadi 7.5. Mzee wangu wa Nyali alipunguziwa pale bila kujaza vyumba vingapi. Kuchukua ni kwa wote, kutoa ndiko kwenye maswali.

Na maswali hayajaisha. Tangu Oktoba 2024, bima ya afya ya serikali, NHIF, ilipoondoka ikaja SHA, mwenye mshahara hukatwa asilimia 2.75, hesabu ya wazi. Mama muuza viazi vya karai yeye huulizwa nyumba yake ikoje, kisha mfumo unamkisia, usiopungua 300 kwa mwezi, tena alipe ya mwaka mzima kwa pamoja. Mtu riziki yake ni ya siku, malipo yake ni ya mwaka. Ni fomu yangu ileile, imevaa nguo mpya.

Feri, kwa mfano, haimuulizi mtu. Mwenye miguu huvuka bure, awe wakili au mchuuzi wa dagaa, na hakuna anayeona wakili ameiba. Tajiri hubaki ndani ya gari lake akalipa, kwa hiari yake, kwa sababu ya lile jua na zile jasho zetu. Wanaovuka bure kwa wingi ni wale waliokusudiwa, wala hapana aliyesimama jukwaani kujitangaza. Najua, feri si pensheni. Lakini nimeivuka miaka yote hii ndipo leo nimeliona.

Wenzetu wa Zanzibar walilifanya hili kwa wazee wao Aprili 2016: kila aliyefika miaka 70 shilingi 20,000 za huko kwa mwezi, awe nani awe nani. Sisi tukafuata 2018. Niliposikia kuwa sasa kutaulizwa umri tu, nilifurahi kama mtu aliyefutiwa deni. Nikasema Maalim atapata, na hatalazimika kusema neno.

Hakupata. Kitambulisho chake kilisema amezaliwa 1949. Wazee walipoandikwa mwaka 2017 alikuwa wa 68, akaambiwa bado. Maalim huyu alikuwa akitusimulia chuoni jinsi alivyokwenda kumtazama Princess Margaret, mdogo wake Malkia wa Uingereza, alipokuja Mombasa mwaka 1956, naye keshaanza kuvaa buibui. Mtoto wa miaka saba havai buibui. Karani fulani wa zamani alimkisia umri, kama mimi nilivyomkisia ukuta. Alifariki 2019.

Kumbe hata umri ni fomu. Na yeye angalau alikuwa na kitambulisho. Wamakonde wa Kwale walitambuliwa kuwa Wakenya juzi tu, na Wapemba mwaka 2023. Ukisema "wote," wote ni wale walio kwenye daftari.

Sasa nimefika mwisho na sipo nilipoanzia. Jibu langu ni wote. Mzee wa Nyali na azipokee 2,000 zake, ampe askari, hiyo ndiyo bei ya kutomuuliza Maalim swali lile. Kama zawauma, zirudisheni kwenye kodi ya zile nyumba zake mbili. Lakini nasema hivi kwa wazee tu. Kwa vijana, kwa pesa za kazi, sijui, huko sijawahi kushika kalamu. Na nasema hivi kwa sharti moja ambalo huenda likavunja jibu lote: 2,000 kwa mwezi ndizo zilizokuwa mwaka 2014 na ndizo zilizopo leo, na katikati hapo, 2022, pakiti ya unga ya kilo mbili ilipita 200. Ikiwa kuwapa wote maana yake ni kubaki na 2,000 milele, na kuwapa maskini tu maana yake ni 5,000 kwa mwenye njaa, basi narudi kule kwa maskini peke yao, hata kama Maalim ataachwa nje tena. Naona vibaya kuiandika sentensi hiyo, lakini siifuti.

Deni la mahamri nilikwenda kulilipa wiki ileile. Muuzaji akaniambia Maalim ameshalilipa asubuhi.

Mkichapisha, jina langu msiliweke. Wajukuu zake bado wako Majengo, na jarida lenu huwa pale kwa kinyozi.