Nilimkataa mkwe kwa sababu ya bao

"Somo, salaam. Mimi ni mama wa Malindi, nauza vitambaa. Julai mwaka jana kijana wa Amu, kisiwani Lamu, alileta posa kwa binti yangu. Nikafunga safari kimya kimya, nikafikia kwa jamaa mtaa wa Langoni, huko huko Amu. Saa nne asubuhi nikamkuta barazani anacheza bao. Kesho yake, saa hizo hizo, bao. Niliporudi nikamwambia mshenga, mbele ya shemeji zangu, kwamba binti yangu simuozi mtu asiye na kazi. Januari hii nimekwenda Amu harusini, namuulizia, naambiwa ni nahodha wa mashua ya uvuvi, yuko baharini siku ya tatu. Aibu imenishika. Na bado hajaoa. Je, nipeleke ujumbe kwamba nimekubali? Mama wa Vitambaa."

Mama wa Vitambaa, niache nicheke kwanza, adabu itafuata. Ulikwenda kumpeleleza mvuvi katikati ya kusi, msimu wa upepo wa kusini!

Kusi likishika, tangu Aprili hivi hadi Septemba, bahari ya nje huchafuka, na mwenye chombo kidogo haendi huko ila awe amechoka na roho yake. Huvua ndani ndani, kwenye mikoko, hushona nyavu, huipandisha mashua pwani akaikalafati, yaani kuziba nyufa zake kwa pamba, na kuipaka sifa, yale mafuta ya samaki. Na hucheza bao, naam. Kisha hiyo saa nne yako ni saa ya mwenye duka. Mvuvi hufuata maji kujaa na kupwa, na saa za maji husogea mbele kama dakika 50 kila siku: leo anatoka alfajiri, wiki ijayo adhuhuri. Huenda siku ile samaki wake walikuwa wameshauzwa kabla hujamaliza chai.

Nawe unakaa Malindi! Kila mvua kubwa unauona Mto Sabaki ukiigeuza bahari yenu rangi ya chai ya maziwa. Mgeni akisema bahari ya Malindi ni chafu, si unamcheka?

Lakini hilo limekwisha. Linalonitia wasiwasi ni hili la sasa. Julai ulimwona mvivu, Januari umemwona johari, na mara zote mbili hukuzungumza naye hata neno moja. "Bado hajaoa," unasema, kana kwamba anamngojea binti yako. Nani kakwambia? Pengine hana mahari. Pengine lile neno lako lilimfikia, nalo bado linamchoma. Na binti mwenyewe yuko wapi katika barua hii? Nimeisoma mara mbili, nimemwona anaozwa na kunyimwa tu. Muulize yeye kwanza, mkiwa wawili, na akijibu usianze kuguna.

Hata akisema hamtaki tena, deni lako kwa kijana liko pale pale. Ulimvunjia heshima mbele ya mshenga na shemeji zako. Basi mwite mshenga huyo huyo, na shemeji wawepo. Sema: nilimwita mtu asiye na kazi, nilikosea, nifikishie radhi zangu. Unyamaze. Posa usiitaje kabisa, maana ukiitia hapo ataona unanunua. Akitaka kuja tena, nyumba yako anaijua.

Akija, ndipo uulize yale uliyostahili kuuliza Julai. Mashua ni yake au ya tajiri? Maana chombo kikiwa cha mtu, fungu la mwenye chombo hutoka kabla mabaharia hawajagawana, na unahodha wenyewe haujazi chungu. Binti atakaa Amu au Malindi? Na miezi ya kusi, nyumba inakula nini? Hilo la mwisho usimuulize jamaa yako wa Langoni. Muulize yeye, na ukimkuta kwenye bao, ngoja mchezo uishe.