Re: Nani alitunga muziki wa filamu za Bruce Lee?

Mkuu, umeuliza kama ni mtu mmoja aliyetunga zote. Hapana. The Big Boss ya 1971 ni Wang Fu-ling, na Enter the Dragon ya 1973 ni Lalo Schifrin, Muajentina aliyekuwa Hollywood. Ila mbili za katikati, Fist of Fury na Way of the Dragon, zote za 1972, ni Joseph Koo, na huyo ndiye wa kumfuatilia.

Koo alisomea jazi Berklee, chuo cha muziki kule Boston, miaka ya 60, akisaidiwa na Run Run Shaw, bosi wa kampuni ya filamu ya Shaw Brothers. Halafu akarudi Hong Kong kupiga kazi.

Rudia pambano la Colosseum kati ya Bruce na Chuck Norris kwenye Way of the Dragon. Wanapopasha viungo, kinachokukaa masikioni ni mifupa ikialika na kitoto cha paka kikilia. Mtunzi mwenye papara angejaza matarumbeta pale.

Lakini kwao Hong Kong, Koo hawamkumbuki kwa filamu za mateke, bwana! Ni nyimbo za tamthilia za TVB, kituo cha televisheni cha huko. Wimbo wake wa 1974 ulisaidia kuipa hadhi miziki ya Kikantoni, lugha ya wenyeji wa Hong Kong, wakati redioni Kimandarini na Kiingereza ndivyo vilitamba. Akishirikiana na mwandishi wa mashairi James Wong, wakatoa wimbo wa tamthilia ya The Bund, 1980, sauti ya Frances Yip. Anza na huo. Baadaye alihamia Kanada, akafariki huko Januari 2023.