Sheoli: ushauri kwa anayeanza kujifunza Agano la Kale

Anayekutana na Sheoli kwa mara ya kwanza, ambayo Biblia zetu kwa kawaida huiita kuzimu, mara nyingi huwa tayari ana picha ya moto kichwani. Nimeyasoma maandiko haya na makundi mengi ya wanaoanza, na ushauri wangu ni huu: waangalie kwanza watu wanaoitaja.

Anza na Yakobo. Katika Mwanzo 37:35, baada ya kuitambua kanzu ya Yusufu iliyochovywa katika damu ya mbuzi, anakataa kufarijiwa na kusema kwamba atamshukia mwanawe kuzimu huku akiomboleza. Yakobo hadhani hata kidogo kwamba kijana wake anaadhibiwa. Anakusudia kumfuata waliko wafu wote. Kisha soma Isaya 38, ambapo Hezekia, mfalme mcha Mungu aliyepona ugonjwa wa kufisha, anaeleza jinsi alivyoyaona malango ya kuzimu yakimkaribia, na kwamba huko hakuna anayemsifu Mungu. Kinachomtisha ni ukimya huo, wala moto hautajwi.

Kuhusu asili ya neno, usipoteze muda mwingi. Wapo wataalamu wanaolihusisha na kitenzi cha Kiebrania chenye maana ya kuuliza, wakikumbuka desturi ya kutaka habari kwa wafu, kama Sauli alivyofanya huko Endori, na wapo wanaolitafutia mzizi wenye maana ya ukiwa; hakuna pendekezo lililokubaliwa na wote. Utafaidika zaidi ukiona jinsi washairi wa Kiebrania wanavyolipanga sambamba na mauti na shimo.

Moto ulikuja kwa njia nyingine. Wayahudi wa Aleksandria, walioanza kuitafsiri Torati kwa Kigiriki katika karne ya 3 kabla ya Kristo, na waliowafuata katika kazi hiyo, kwa kawaida waliiita Sheoli Hadesi, jina la Kigiriki la makao ya wafu. Jehanum (kwa Kigiriki Gehena), kwa upande wake, imetokana na Bonde la Hinomu huko Yerusalemu, ambako watoto walitolewa sadaka kwa moto hadi mfalme Yosia alipopanajisi mahali hapo (2 Wafalme 23:10). Kwa hiyo, usomapo Mathayo 5:22 na Matendo 2:27, andika pembeni ya kila aya kama Kigiriki kina Gehena au Hadesi. Luka 16:23 iache hadi mwisho, kwa kuwa hapo tajiri anateseka katika Hadesi yenyewe, na ni vigumu kupima jinsi fikra zilivyokuwa zimebadilika kama bado hujazisoma Zaburi ya 6 na ya 88 kwa utulivu.